Nimekulia msituni, mjini najiona mjinga

Shangazi, shikamoo. Nina miaka 22. Wazazi wangu walihamia msituni kabla sijazaliwa, nami nimekulia huko bila shule wala jirani. Tangu nije mjini mwaka jana, taa na kelele zinaninyima usingizi. Wenzangu kazini wakizungumza, nusu ya mambo siyajui, nacheka wakicheka. Natamani kusoma, ila kila wiki nawaza kurudi. Je, nimechelewa?
Binti wa Msituni

Marahaba, mwanangu. Hujachelewa.

Naona kinachokuchosha zaidi ya mji ni huko kujifanya unajua. Unachekea usichokielewa, halafu kutwa unaogopa kuulizwa. Acha. Mchague mwenzako mmoja, yule ambaye hujawahi kumsikia akisengenya, umwambie: "Nimekulia mbali na watu, mengi siyajui, naomba niwe nakuuliza." Habari za wazazi wako si lazima zimfikie kila mtu. Huyo mmoja anatosha kwa kuanzia, na ukishamzoea, kumuuliza wa pili hakutakutia hofu kiasi hicho.

Usingizi una sababu yake. Mwili wako umezoea kulala giza likiingia, na mwanga wa usiku, wa simu hasa, huchelewesha melatonini, homoni inayoutayarisha mwili kulala. Iweke simu mbali mapema, utundike pazia zito. Kelele za kila siku utazizoea taratibu.

Sasa jambo ambalo hukuuliza, nami siwezi kulinyamazia: chanjo. Aliyekulia peke yake huenda hajawahi kupata surua wala kuchanjwa, na surua ya ukubwani ni kali. Nenda kituo cha afya, ueleze ulivyokulia bila kuficha, uulizie ya surua na ya pepopunda. Mtu mzima asiye na kinga anaweza kupewa dozi 2 za surua, zikipishana angalau wiki 4. Kama ni mjamzito, sema kabla ya sindano, maana chanjo ya surua haitolewi kwa mjamzito. Na kama huna cheti cha kuzaliwa, anza kukifuatilia sasa hivi. Kwa mtu mzima shughuli hiyo huchukua muda, na usingoje hadi siku ya kujiandikisha masomo.

Kurudi sikukatazi. Agafia Lykova, mwanamke wa Urusi, alizaliwa 1944 katika misitu ya Siberia, na familia yake iliishi peke yake hadi wanajiolojia walipoikuta 1978. Baadaye alitembezwa mijini, akaona, kisha akachagua msitu wake. Mimi siiti hiyo kushindwa, kwa sababu aliamua baada ya kuona kote kuwili. Wewe unatamani kusoma na darasani bado hujaingia. Ukizidiwa, nenda msituni siku mbili, upumzike, urudi. Ila uamuzi wa kuhama kabisa usiufanye katika wiki ambayo hujalala.