Uhamisho: ripoti kwanza, upinge ukiwa kazini

Dada, usikae nyumbani. Umeandika kwamba umehamishiwa halmashauri nyingine, mume anafanya kazi hapo ulipo, pesa ya uhamisho hujalipwa, likizo yako imekaribia, na kuna mtu kakwambia usiende mpaka kesi iishe kwa sababu "ukiripoti umekubali". Maneno hayo nayajua. Ndiyo yaliyonitoa kazini.

Nilipopewa barua yangu nilikwenda kwa bwana mmoja aliyejiita mtaalamu wa sheria za kazi, ana kibanda cha kuchapa barua. Akaniambia hivyo hivyo, akapokea hela, akanifungulia shauri Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, inayosikiliza migogoro ya kazi. Mimi nikakaa ndani nasubiri haki. Kumbe kituo cha zamani wameshanifuta kwenye orodha yao, na kituo kipya wanaandika "hajaripoti". Kanuni za utumishi wa umma hapa Tanzania ziko wazi: kutoonekana kazini zaidi ya siku 5 bila ruhusa wala sababu ya msingi kunakufukuzisha kazi. Hati ya mashtaka ikaja, kosa ni utoro. Suala la kupinga uhamisho halikuandikwa humo hata kwa neno moja. Na kwenye utoro ningejitetea na nini? Daftari la mahudhurio halikuwa na saini yangu popote, si kule nilikotoka wala kule nilikotakiwa kwenda.

Huku CMA wakili wa serikali akaweka pingamizi: tangu marekebisho ya 2016, mtumishi wa umma anatakiwa amalize kwanza ngazi za malalamiko na rufaa zilizomo kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, ndipo akimbilie sheria za kazi. Kifungu cha 32A. Shauri likatupwa. Rufaa ya kufukuzwa ilitakiwa iende Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 45, na siku zenyewe zilishaishia CMA. Yule bwana ama hakukijua kifungu hicho, ama alikijua akaitaka hela yangu tu. Sijamsamehe. Watu hawa wanauza ushauri kama karanga za kupima kwa kifuniko, tumbo likikusokota wameshahama kona.

Kinachoniuma kuliko vyote ni kwamba uhamisho wangu ulikuwa na kasoro ya kweli. Ulikuja baada ya mimi kuhoji matumizi ya fedha kikaoni. Hoja hiyo haijasikilizwa na mtu yeyote mpaka leo.

Kwa hiyo ripoti! Kuripoti si kukubali. Andika barua ya kuripoti, useme umefika kwa kutii agizo huku ukiendelea kuupinga uhamisho, na kwamba hujalipwa posho ya kujikimu wewe na familia, posho ya usumbufu wala gharama za mizigo. Ipeleke masijala, ofisi inayopokea barua, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Wakikwambia "iache hapo mezani, tutagonga kesho", kaa kwenye benchi mpaka wagonge. Ni kweli viongozi husema majukwaani kwamba mtumishi asihamishwe bila kulipwa, ila hotuba haitakutetea mbele ya kamati inayochunguza mashtaka ya utoro. Fedha hizo utazidai ukiwa kazini.

La mume liweke kwenye malalamiko, uambatanishe cheti cha ndoa na barua ya mwajiri wake. Panda ngazi kwa maandishi, kuanzia kwa aliyekuhamisha. Ukigonga mwamba, kuna Mahakama Kuu, maombi ya mapitio. Kibali cha kuyafungua kinaombwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi. Jaji hatakuuliza kama kituo unakipenda. Ataangalia aliyekuhamisha alikuwa na mamlaka hayo au la, utaratibu ulifuatwa au haukufuatwa, kulikuwa na nia mbaya au hakukuwa. Huko nenda na wakili mwenye leseni, na uende ukiwa bado mtumishi.

Barua yako inakutaka uripoti tarehe ngapi? Kama ni wiki hii, funga begi leo.