Mwalimu mpya Dar, usisubiri kipindi cha hisia

Ukipangiwa shule ya msingi Mbagala, Chanika au Gongo la Mboto, ule uwiano wa mwalimu mmoja kwa watoto 45 uliofundishwa chuoni uuweke kando kwanza. Tangu elimu bila malipo ianze 2016 watoto wamefurika, na shule kadhaa jijini zinaingiza mikondo miwili, asubuhi na mchana. Humo humo utatakiwa uwalee watoto wajitambue, watawale hasira, wajali wenzao, waelewane na waamue kwa busara. Wengi wakisikia hivyo huanza kutafuta kipindi kwenye ratiba. Hakipo, na ukingoja kipatikane, mwaka utakwisha.

Ushauri wangu: tumia matukio yanayojileta yenyewe. Na matukio hayapungui.

Chukua ugomvi wa penseli. Juma kalia, Asha kanuna, darasa zima limekuwa mashahidi. Usiulize "nani kaanza?", maana utapata majibu kumi. Shika rula: mwenye rula ndiye anayeongea, mwingine anasikiliza. Akimaliza, msikilizaji anarudia alichosikia kabla ya kujitetea. "Amesema nilimnyang'anya, na alikuwa hajamaliza hesabu." Hapo mara nyingi sauti zinashuka zenyewe. Kisha waulize wafanyeje ili wote wamalize kazi, na uwaache wapendekeze wao. Ile "haya, mwombe mwenzio msamaha" isiwe ya haraka. Mtoto akilazimishwa atasema samahani huku anapanga kumngoja mwenzie getini. Mwanzoni itakula dakika tano. Wakishazoea, viranja wataiendesha bila wewe.

Wachelewaji nao. Kabla hujamsimamisha mtu mlangoni, kumbuka kuna watoto wanaosukumwa na makonda kwa sababu nauli ya mwanafunzi hailipi. Mtoto wa aina hiyo anaingia darasani akiwa ameshatukanwa. Mwambie akae, avute pumzi, anywe maji kama yapo. Maelezo utayapata mapumziko.

Fimbo sitaizunguka. Kanuni za 2002 za adhabu ya viboko shuleni zinampa mamlaka mkuu wa shule, au mwalimu aliyemwidhinisha kwa maandishi, viboko visizidi vinne, na vinaandikwa kwenye kitabu. Mwalimu mpya anayetembea na fimbo kwapani hana ruhusa hiyo, hata kama ofisini kila mtu anayo. Nami naongeza langu: huwezi kumfundisha mtoto atulize hasira huku wewe unamalizia za kwako mgongoni kwake.

Wenzako wa zamani watakuambia mambo haya ni ya shule za ada kubwa za Masaki. Mwaka 2011 mtafiti wa Marekani Joseph Durlak na wenzake walijumlisha tathmini za programu 213 za kuwafundisha watoto kutawala hisia na kuelewana na wenzao, zenye wanafunzi zaidi ya 270,000. Zilizoendeshwa na walimu wa kawaida wa darasa zilileta matunda, na masomo yalipanda pia: mtoto wa katikati katika kundi la watoto 100 angewapita wengine kama 11 waliokuwa mbele yake. Mkuu anayelia na matokeo ya darasa la nne mpe hiyo takwimu. Nyingi ya programu hizo zilikuwa za Marekani, sawa, lakini hakuna kinachozuia rula kufanya kazi Temeke.

Kuna siku mtoto atakufuata na jambo zito: anapigwa nyumbani, hapati usingizi, au anaguswa vibaya na mtu mzima. Usimwahidi siri. Mwambie umemwamini na kwamba utawashirikisha watu wa kumsaidia. Usimwite mzazi haraka, maana huenda anayemuumiza anatoka nyumba hiyo hiyo. Muone mwalimu wa ushauri na unasihi, kisha ofisa ustawi wa jamii; namba 116, simu ya watoto, ni ya bure. Andika maneno ya mtoto kama alivyoyasema, na tarehe, siku hiyo hiyo kabla hujapanda daladala.