Kabla ukimbilie korti ya Milimani, Nairobi, juu ya maksi

Kuna dada ameniandikia wiki hii, yuko mwaka wa nne, amepewa E kwa yuniti anayosema alijibu vizuri, anauliza kama anaweza kushtaki chuo. Dadangu, unaweza, lakini jaji hatasahihisha karatasi yako. Hapo ndio wengi huanguka. Korti zetu zimeshasema mara nyingi mambo ya kusahihisha ni ya wahadhiri na seneti ya chuo, jaji anaangalia kama utaratibu ulifuatwa, kama ulisikizwa, kama ulipewa sababu. Ukienda kulia tu eti ulistahili B utatoka mikono mitupu na pengine ulipe gharama za chuo.

Mimi maksi zangu zilipotea. Nilifanya huo mtihani, nikasaini rejista, matokeo kutoka naambiwa sikutokea. Mhadhiri alikuwa wa mkataba na alishaenda zake, idara inanituma ofisi ya mitihani, ofisi ya mitihani inanirudisha idara, na siku ya mahafali wenzangu wakavaa majoho mimi nikiangalia picha zao kwa simu. Mamangu alikuwa ameshashonesha kitenge. Hiyo inaniuma hadi leo, sitadanganya.

Kilichoniokoa ni karatasi. Kila barua napeleka kopi mbili, moja wanabaki nayo, ingine wanagonga muhuri na tarehe narudi nayo, na karani akikataa nasimama hapo kaunta mpaka agonge. Mwishowe nikaomba rejista ya mtihani kwa kutumia Sheria ya Kupata Habari ya 2016, inayowapa siku 21 kujibu. Rejista ikapatikana! Sahihi yangu hiyo hapo, na namba ya bukleti kando yake. Maksi ziliingia bila kesi.

Kwa hivyo wanafunzi, tuacheni uoga. Kifungu cha 47 cha katiba ya Kenya kinakupa haki ya kuelezwa sababu kwa maandishi, hiyo si fadhila ya mtu, ni yako. Kata rufaa ndani ya chuo kwanza, juu sheria ya 2015 ya hatua za kiutawala inataka umalize njia za ndani kabla ya korti, lakini pia usilale, ombi la kufuta uamuzi kortini lina muda wake wa miezi 6. Andika, weka kopi, andika tena.

Dada, anza na mkuu wa idara, kopi kwa msajili, uombe rekodi za mtihani wako kwa ile sheria ya 2016. Wakinyamaza siku 21 ziishe, peleka malalamiko kwa Tume ya Haki ya Utawala (Ombudsman) pale Westlands, Nairobi, huko hulipi hata shilingi.