Charles Burnett: kwa nini anaheshimiwa, na uanze na filamu ipi

Ndugu, umeuliza kwa nini Charles Burnett, mwongozaji wa filamu wa Marekani, anasifiwa hivyo ilhali filamu zake hazikutamba kwenye majumba ya sinema, na uanzie wapi. Anza na Killer of Sheep. Aliipiga kwa nyeusi na nyeupe mtaani Watts, Los Angeles, akiwa mwanafunzi wa chuo kikuu cha UCLA, kwa bajeti ndogo mno, na wengi wanaoonekana humo si waigizaji wa kazi. Mhusika mkuu, Stan, anafanya kazi machinjioni. Anarudi nyumbani amechoka kiasi kwamba hata mkewe hamfikii. Hakuna kisa kinachokimbia. Kamera inatulia na watoto wanaoruka kutoka paa hadi paa, na nyimbo zinasema yale Stan anayoshindwa kuyatamka. Ile ngoma yake na mkewe karibu na dirisha, kwangu mimi, inazidi filamu nyingi nzima.

Ilikamilika miaka ya 1970, lakini kwa sababu ya haki za hizo nyimbo haikuingia sokoni hadi 2007! Oscar ya heshima alipewa 2017.

Kisha tafuta To Sleep with Anger ya 1990, yenye mwigizaji Danny Glover. Hiyo ina hadithi iliyonyooka zaidi.