Nyongeza za Filamu na Macho ya Bilbo

Mhariri, wiki hii mmetuuliza iwapo mwongozaji wa filamu ana haki ya kuongeza mambo ambayo mtunzi wa riwaya ya njozi hakuyaandika. Naamini anayo, mradi asitupokonye macho tuliyopewa na mtunzi ya kukitazamia kisa. Mfano wangu ni The Hobbit, kitabu cha J.R.R. Tolkien cha mwaka 1937 kinachosimulia, kupitia macho ya mhusika mkuu Bilbo, safari yake pamoja na kundi la vibete, ambacho mwongozaji Peter Jackson alikitengenezea filamu tatu zilizotoka kati ya mwaka 2012 na 2014.

Zipo nyongeza ninazozitetea kwa moyo wote. Kitabuni, mchawi Gandalf anaagana na wenzake ukingoni mwa msitu wa Mirkwood, na ni karibu na mwisho tu ndipo tunapodokezewa kwamba alikwenda kumfukuza mwovu aliyejificha kusini mwa msitu huo. Filamu inamfuata huko, tena kwa kutumia mambo ambayo Tolkien mwenyewe aliyaeleza baadaye katika The Lord of the Rings na viambatisho vyake. Hata Tauriel, askari wa kike asiyekuwamo kabisa riwayani, nilimpokea vizuri, kwa sababu kisa chenyewe karibu chote ni cha wanaume, ingawa mapenzi aliyobandikwa na kibete Kili hayakuwa na lazima yoyote.

Vita vya mwisho ndivyo vinavyonisikitisha. Riwayani, Bilbo anapigwa jiwe kichwani na kuzirai, na anapozinduka vita vimekwisha. Kisha anapelekwa hemani alikolala Thorin, mfalme wa vibete, akiwa na majeraha ya kufisha, naye Thorin anayafuta maneno makali aliyomtolea langoni walipokosana kabla ya vita, akitaka waagane kama marafiki. Katika filamu pia Bilbo anazirai, lakini kamera inabaki vitani, ikimfuata Thorin katika pambano refu juu ya barafu na Azog, adui ambaye kwa maelezo ya Tolkien alikwisha kuuawa miaka mingi kabla ya safari hiyo kuanza. Maneno ya kuagana yamo, na yameigizwa vyema, ila yanapofika tumekwisha kushuhudia mengi mno ambayo Bilbo hakuyaona, kiasi kwamba anapopiga magoti kando ya rafiki yake anaonekana kama mtu aliyechelewa kufika kwenye kisa chake mwenyewe. Ningekuwa na uamuzi, ningeliondoa pambano lote la barafuni na kulirudisha lile hema.