Maswali yenu: shahidi wa macho kwenye rufaa ya kesi ya mauaji

Wiki hii mmeniandikia kitu kilekile kwa maneno tofauti, mtu kahukumiwa kunyongwa kisa kuna shahidi kasema "nilimwona". Nimeyafupisha maswali maana mengine yalikuwa marefu kuliko hukumu yenyewe, na najibu kwa sheria ya Tanzania.

Shikamoo wakili. Kaka yangu katiwa hatiani kwa ushahidi wa mtu mmoja tu, si walitakiwa wawe wawili?

Marahaba. Hapana, Sheria ya Ushahidi haijaweka idadi ya mashahidi, mmoja akiaminika anatosha hata kwenye mauaji, kwaiyo hiyo msiifanye ndo sababu yenu kuu ya rufaa. Ulizeni huyo mmoja aliona nini, akiwa wapi, kwa mwanga gani. Na msichelewe, taarifa ya rufaa inatakiwa ndani ya siku 30 tangu hukumu.

Shahidi alisema kulikuwa na taa, majaji wa rufaa wakasema haitoshi. Taa si taa jamani?

Hapa ndo kesi nyingi zinapofia. Tangu kesi ya Waziri Amani ya 1980, Mahakama ya Rufani inashikilia kwamba ushahidi wa kumtambua mtu kwa macho ni dhaifu kuliko aina zote, usitumike kumtia mtu hatiani mpaka mahakama iridhike hakuna mwanya wa kukosea. Wanaangalia alimtazama muda gani, umbali gani, mwanga ulikuwaje, na kama alikuwa anamfahamu kabla.

Sasa chukua mashahidi wawili, nawatunga tu. Wa kwanza anasema "kulikuwa na taa nikamwona vizuri", basi, kakaa. Wa pili anasema taa ilikuwa ya sola imening'inia mlangoni inamulika uwanja wote, jamaa alisimama hatua tatu kutoka kwangu, akagombana na marehemu kuhusu deni kama dakika tano hivi kabla hajachomoa panga. Inawezekana wote wawili waliona sawasawa kabisa, ila majaji wa rufaa hawajawahi kuwatia machoni hao watu, wana makaratasi tu, na kwenye karatasi za yule wa kwanza hakuna karabai wala kibatari wala mbalamwezi, kuna neno "taa" limekaa peke yake. Mwendesha mashtaka hakuuliza, basi imekula kwake. Tochi nayo ina mambo yake, aliyeishika ndo anaona, aliyemulikwa usoni anaona nyota, kwaiyo ukisoma "tochi" tafuta ilikuwa mkononi mwa nani.

Lakini shahidi ni jirani, wamekua wote na mshtakiwa. Anakoseaje?

Kumtambua unayemfahamu kunaaminika zaidi kuliko kumtambua mgeni, hilo mahakama inakubali, ila inakumbusha pia kuwa watu hukosea hata kwa ndugu na marafiki zao. Wewe hujawahi kumwita mtu "we Juma!" kwa nguvu, akageuka siye? Tena saa 6 mchana, na hakuna aliyekushikia panga.

Kwa jirani hata gwaride la utambuzi, lile la kumpanga mtuhumiwa mstarini na watu wengine ili shahidi amchague, halina kazi. Gwaride ni kwa asiyemfahamu mtu, naye anatakiwa awe ametoa maelezo kabla, urefu, rangi, mavazi. Akija tu kumnyooshea kidole kizimbani, thamani yake ni ndogo sana, maana pale kizimbani kasimama nani mwingine?

Alimtaja mshtakiwa baada ya siku nne.

Hiyo ishikeni! Kwenye kesi ya Marwa Wangiti Mwita (2002) mahakama ilisema kumtaja mtu mapema kabisa ni uhakikisho mkubwa, na kuchelewa bila maelezo kunatia shaka. Waliokimbilia yowe aliwatajia? Polisi je? Ila hilo neno "bila maelezo" msiliruke, kama alikuwa kalazwa hajitambui siku zote hizo hoja yenu inayeyuka.

Mmoja kasema saa 2 usiku, mwingine saa 3. Tumeshinda?

Bado sana. Zinazohesabika ni tofauti zinazogusa mzizi wa kesi. Mimi binafsi mashahidi wanaofanana neno kwa neno ndo wananitia wasiwasi.

Wakikuta ushahidi una matundu si wataagiza kesi ianze upya?

Sio lazima. Rufaa ya kwanza kutoka Mahakama Kuu wanaupitia ushahidi wote upya na kuamua wenyewe, japo wanakumbuka kuwa jaji wa chini ndiye aliyemwona shahidi akijibu. Kuanza upya ni pale kesi ya kwanza ilipoendeshwa kinyume cha sheria au kwa kasoro, sio kuipa Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, nafasi ya kwenda kuziba matundu, msimamo huo upo tangu kesi ya Fatehali Manji ya 1966. Matundu yakiwa ya ushahidi, mrufani anaachiwa. Kwaiyo chukueni nakala ya mwenendo wa kesi, someni kurasa za huyo shahidi taratibu, na kila palipoandikwa "taa" pigeni mstari kwa kalamu nyekundu mniletee.