Mama haoni vizuri mchana: ni miwani au mtoto wa jicho?

Dada, umesema mama yako hapo Lamu anaona afadhali jioni kuliko adhuhuri, na miwani mpya haikumfaa. Hiyo yafanana sana na mtoto wa jicho. Lenzi iliyo ndani ya jicho huingia ukungu, na mwanga mkali ukipiga hutawanyika badala ya kupita sawasawa. Ndiyo maana jua la forodhani, likiwaka juu ya maji, linamsumbua.

Shangazi yangu alikuwa akishona kofia za vito, zile za kutarizi kwa mkono. Mwanzo akalaumu uzi, eti siku hizi mweupe wote una umanjano. Maskini muuza uzi! Kisha akawa anashuka ngazi huku anapapasa ukuta, na usiku taa za mashua anaziona zimezungukwa na duara. Kuna miezi alisoma msahafu bila miwani, tukashukuru kuwa anapona. Kumbe lenzi ikigeuka huweza kurudisha uoni wa karibu kwa muda tu.

Matone hayamwondoi mtoto wa jicho, na asali tafadhali ibaki jikoni. Dawa yake ni upasuaji: ganzi ya jicho tu, mara nyingi haufiki nusu saa, lenzi mbovu inatolewa na kuwekwa ya bandia. Habari ya kungoja mtoto wa jicho "mpaka aive" ni ya zamani. Apimwe sukari pia, na presha ya macho. Ila jicho likiwa jekundu na kuuma ghafla, hilo ni jambo lingine, mpelekeni hospitali siku hiyo hiyo.